Richard Matheson, fundi wa kututisha mchana kweupe

Waandishi wengi wa filamu za kutisha hukimbilia makaburini. Richard Matheson, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1926 na kufariki 2013, aliileta hofu barabarani, jua likiwaka. Novemba 22, 1963, siku aliyouawa Rais Kennedy, lori lilimwandama njiani hadi likamtoa jasho. Kisa hicho akakitunza, akakifanya hadithi, kisha skripti ya filamu ya televisheni, Duel, ambayo kijana Steven Spielberg aliiongoza mwaka 1971. Afisa mauzo anafukuzwa na lori la mafuta lililochakaa. Uso wa dereva hatuonyeshwi sawasawa. Tunaona mkono dirishani, tunaona buti, basi. Kwangu mimi, ufundi wenyewe ndio huo: kujua cha kumnyima mtazamaji.

Mwaka uleule wa 1963, katika tamthilia ya televisheni The Twilight Zone, alimpandisha mwigizaji William Shatner ndege na kumwonyesha dubwana juu ya bawa. Aliandikia pia tamthilia ya Star Trek, na hadithi za mwandishi Edgar Allan Poe akazigeuza skripti za filamu za mwongozaji Roger Corman. Wapo wanaoziita kazi hizi za kitoto. Waseme tu! Filamu ya televisheni The Night Stalker ya 1972, aliyoiandikia skripti, mwandishi wa habari akimsaka mnyonya damu Las Vegas, iliwakusanya Wamarekani wengi kweli mbele ya runinga.