Mikono Isiyoshika Kitu

Majani ya mhina yakishakauka hayana haiba yoyote. Ukiyakuta kwenye ungo ni vijani vidogo vya kijani kilichofifia, na asiyejua angeyafagia. Rangi imo ndani, na haitoki kwa pupa. Mwanamke niliyekwenda kumtazama akimtia bibi harusi hina, katika nyumba moja ya Kibokoni, Mombasa, huyatwanga mwenyewe kinuni, kisha huuchekecha unga kwa mtandio mwepesi alioufunga mdomoni mwa bakuli. Huchekecha mara tatu. Nilimwuliza kwa nini asitosheke na moja, akaninyooshea koni yake niitazame ncha. Tundu lake ni jembamba kama uzi. Punje moja ya jani ikipenya hukwama hapo, na ua limefika nusu.

Unga huukanda jana yake jioni kwa maji ya ndimu, sukari kidogo na matone ya mafuta ya mkaratusi. Uchachu wa ndimu huitoa rangi, sukari huifanya hina inate, isikauke upesi ikapukutika, mafuta huikoleza. Bakuli hufunikwa likalala. Kabla ya kujaza koni hujipaka tone moja kiganjani, akahesabu dakika chache, akalifuta. Likiacha doa la rangi ya chungwa, hina imeiva. Lisipoacha, husubiri, hata wageni wakiwa wamekwisha kuvua viatu mlangoni.

Piko hakuja nalo kabisa, nami nilifurahi. Unga mweusi unaouzwa madukani kwa jina hilo mara nyingi ni rangi ya nywele, na kemikali yake ya PPD imewachoma wengi, wakaamka na malengelenge yaliyofuata mchoro jani kwa jani. Bibi harusi ana ya kumhangaisha tele bila ya hayo.

Ilikuwa usiku wa kuamkia Ijumaa; kupamba kulikuwa Jumamosi. Siku hizo mbili si za kubahatisha, kwa sababu hina haionyeshi rangi yake yote siku inapobanduliwa. Kazi ilianza baada ya sala ya Isha. Hina iliyokaa juu ya ngozi huzuia maji ya udhu yasifike, kwa hiyo ni lazima iwe imetoka kabla ya alfajiri. Mchoraji alitandika leso kuukuu juu ya godoro, akaweka mto chini ya magoti ya msichana na mwingine mgongoni, akausogeza tena huo wa mgongoni mpaka mabega yaliposhuka. Kisha akauliza swali ambalo nadhani ndilo lililonifanya nimwamini: "Umekwenda msalani, mwanangu?" Msichana akacheka, akainuka, akaenda.

Huanza na miguu. Miguu ikikauka, mikono bado ni huru. Mtu hunyang'anywa uhuru wake kidogo kidogo, asishtuke. Aliishika koni kama mtu ashikavyo kalamu fupi, kidole gumba kikibana juu, na hakuiburura juu ya ngozi. Uzi wa hina ulishuka wenyewe kutoka hewani ukalala alipotaka ulale. Shina kwanza, kutoka kifundo cha mguu hadi kidole kidogo. Halafu majani, kila moja kwa mkandamizo mmoja: nene pa kuanzia, jembamba pa kuishia. Halafu vitone. Kila baada ya majani matatu au manne aliifuta ncha kwa pamba. Mara moja tu mstari ulipinda, msichana alipopiga chafya. Hakusema kitu. Alichukua chelewa, kile kijiti cha ukuti wa mnazi, akaikwangua hina kabla haijashika, akaendelea kama aliyevuta pumzi tu.

Saa nne na nusu akaomba mkono wa kulia. Kufika hapo ndipo nilipoanza kutazama watu wengine.

Bibi harusi alikuwa na mashoga zake watatu, wapambe wake, na mimi nilikuwa nimewachukulia kama watu waliokuja kupiga soga. Nilikosea. Mkono wa kulia ulipotiwa hina, mmoja wao alihamia upande huo wa kulia bila kuambiwa. Wa kushoto ulipotiwa, wa pili alihamia kushoto. Tangu hapo bibi harusi hakuwa na mikono, nao ndio wakawa mikono yake.

Kumlisha mtu mzima bila kumdhalilisha ni kazi ngumu kuliko inavyoonekana. Yule wa kulia aliumega mkate wa sinia vipande vidogo kama zabibu, akawa anampa kimoja kila mazungumzo yalipotulia, kamwe si katikati ya neno. Sharubati ya ukwaju aliinyanyua na mrija umeelekezwa tayari, msichana asinyooshe shingo. Wa kushoto alikuwa na kipande cha pamba na kibakuli cha ndimu na sukari. Kila ua lilipoanza kukauka pembeni aliligusa, hakulipaka. Pamba ikilowa sana hina hutiririka. Ikikauka sana huibandua. Aliiminya kila mara kabla ya kugusa, kwa saa tatu. Akamkuna pua pia, na nywele zilizomwingia jichoni akazirudisha nyuma ya sikio, na yote hayo aliyafanya kabla hajaombwa, kwa kutazama tu uso unavyokunjamana.

Wa tatu hakukaa. Alikuwa na simu ya bibi harusi, na kazi yake ilikuwa ukumbini. Nilitoka kunywa maji nikamkuta huko, sauti ameishusha, anazungumza na fundi cherehani. Gauni la Jumamosi halikuwa limemalizika. Mkono mmoja ulikuwa haujashonwa. Hakugomba. Aliuliza kilichobaki ni nini, kinahitaji saa ngapi, na kama uzi anao. Akamwambia Ijumaa alasiri atakwenda mwenyewe akae dukani mpaka liishe. Akakata simu, akasimama kidogo mlangoni kuulainisha uso wake, akaingia.

"Nani huyo?" bibi harusi akauliza.

"Fundi. Akusalimu."

Hakuna uongo hapo, nikiangalia vizuri. Baadaye alipiga shangazi aliyenuna kwa kuwa gari lake halikutajwa kwenye msafara. Huyo naye akasalimu. Nimekwenda harusi nyingi ambazo bibi harusi alishika simu mwenyewe mpaka dakika ya mwisho, na nimeona sura zao chini ya vipodozi. Somo yake, mama mtu mzima aliyekaa kwenye kiti karibu na dirisha, hakufanya lolote usiku kucha ila kutia udi katika chetezo na kumtazama yule wa tatu. Naamini alikuwa akimpima.

Saa saba usiku mchoraji alifika kwenye kiwiko, akamalizia kwa safu ya vitone, akaiweka koni chini na kuvinyoosha vidole vyake kimoja kimoja. Kilichobaki kilikuwa kungoja, na hapo yeye hakuwa na zaidi ya kufanya. Wapambe wakaendelea. Mmoja alisimulia kisa cha mwalimu wao wa zamani kwa urefu usio na sababu, mpaka bibi harusi akasinzia ameegemea mto, mikono imenyooshwa mbele juu ya leso, na wa kushoto bado anagusa kwa pamba.

Kabla ya alfajiri hina ilikwanguliwa kwa mgongo wa kisu. Maji hayakuguswa, ngozi ilipanguswa kwa mafuta ya ufuta. Rangi iliyotokea ilikuwa chungwa kali, na msichana alipoiona midomo ilimcheza. Mchoraji hakujitetea. "Ngoja," alimwambia, akafunga bakuli lake.

Gauni lilifika Ijumaa usiku, mikono yote miwili. Jumamosi, bibi harusi alipotolewa mbele ya wanawake na viganja vyake vikawekwa juu ya mapaja ili vionekane, nilisogea karibu kutazama. Hina ilikuwa ya damu ya mzee.