Ulimi wa Mzee Ojwang'

Wengi waliocheka na Mzee Ojwang', yule mzee wa Kijaluo katika kipindi cha televisheni cha Vitimbi, hawakujua kwamba Benson Wanjau aliyemwigiza alikuwa Mkikuyu, na kutojua kwao ndiko ushahidi wangu wa kwanza wa ustadi wake. Anayetaka kicheko cha haraka huigiza Mjaluo kwa kugeuza sh kuwa s, basi. Wanjau alikuwa na kazi mbili. Kwanza aliufuta ulimi wa kwao, ambao mtu hupiga moyo konde kuuficha na bado unamtoroka akikasirika. Kisha akalea ulimi mwingine, wa Kijaluo, pamoja na mwendo wake wote: irabu inayovutwa mzee anapojigamba, sauti inayopanda kabla ya kulalamika, na kile kimya kifupi kabla ya kumjibu mkewe wa kipindini, Mama Kayai, ambaye Mary Khavere naye alimpa makali yake. Hasira ndiyo humfichua mwigizaji. Ojwang' aligombana kipindi baada ya kipindi, na Mkikuyu hakuchungulia.

Wako wanaosema huko kulikuwa kudhihaki kabila, na kwamba mzee wa Kijaluo aigizwe na Mjaluo. Hoja hiyo si ya kupuuzwa, hasa huku Rongai ya Nakuru, ambako watu wa makabila mengi wamekata mkonge pamoja katika shamba la Majani Mingi, na ambako mwanzoni mwa 2008, katika ghasia za baada ya uchaguzi, lafudhi iliweza kumponza mtu. Lakini tuangalie kicheko kilimwangukia nani. Ojwang' alichekwa kwa ubishi, kwa kiburi cha mwenye nyumba, kwa hila zilizomrudia mwenyewe. Mkalenjin na Mluhya walimwona baba mdogo wao humo. Tena, mwenye dharau hana subira ya kumsikiliza jirani hadi aijue pumzi yake.

Sanaa hiyo tuliilipa vibaya. Uzeeni, macho yalipomsumbua, Wakenya walichangishana apate matibabu: heri kwao, aibu kwa nchi iliyomtazama tangu enzi za kituo cha Sauti ya Kenya. Alifariki Julai 2015, akiwa na miaka 78. Sasa kwenye simu zetu wamejaa waigaji wa makabila, kila mmoja na dakika yake moja. Ile s wameichukua. Kimya wamekiacha, kwa hofu kwamba mtazamaji atapita kwenda kwa mwingine, na kwa kweli hupita.