Wao Wanatafuta Kaburi, Sisi Tunalo

Wilayani Serengeti, utawala wa Wajerumani umebaki kuwa jina la lango. Watalii huingia hifadhini kupitia Fort Ikoma, na sisi tuliokulia Tarime tunapita Mugumu bila kukumbuka kwamba Ikoma palikuwa na ngome ya wakoloni. Kwa hiyo nilipokaa kutazama The Empty Grave (2024), filamu ya Cece Mlay na Agnes Lisa Wegner, nilidhani naangalia msiba wa watu wengine.

Filamu inawafuata John Mbano na mkewe, Cesilia Mollel, wa Songea. Mzee wao, Nduna Songea Mbano, alinyongwa na Wajerumani mwaka 1906 wakati wa Vita vya Majimaji, na familia inaamini kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Huko Meru, ukoo wa Kaaya unamtafuta Mangi Lobulu, aliyeuawa mwaka 1900.

Nilichopenda ni kwamba hakuna vita vya kuigiza. Vita humu ni barua, ofisi, safari ya Berlin, na maneno ya upole ya watu wenye funguo za stoo. Aliyenigusa zaidi ni Cesilia. Marehemu si wa damu yake, lakini mzigo anaubeba kama wake. Mimi nimekulia kwenye mji ambako wake wa ukoo hukaa pembeni wazee wakizungumzia makaburi, kwa hiyo kila alipouliza swali nilijikuta nasogea karibu na kioo.

Lalamiko langu ni moja: koo mbili ni nyingi kwa filamu moja. Kila nilipoanza kuwazoea akina Kaaya, nilirudishwa Songea. Meru ilistahili filamu yake.

Novemba 2023, Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea akaomba msamaha. Msamaha ulitangulia, fuvu likabaki nyuma. Filamu inakufanya uelewe kwa nini familia haiwezi kusema yameisha.

Hapo ndipo nilipoona aibu. Babu yangu mdogo alitoka Tarime kwenda Vita vya Kagera na hakurudi. Amelala Kaboya, Muleba, kwenye makaburi ya mashujaa. Sisi hatuhitaji viza wala barua ya makumbusho; tunahitaji nauli ya basi tu. Kila Siku ya Mashujaa bibi huuliza, "Mtaenda lini kumwona?" Nasi humjibu kwamba mwaka huu hali ngumu, mwakani tutakwenda. Tumemjibu hivyo tangu nikiwa shule ya msingi.

Filamu ilipoisha nilimpigia baba. Nilimwomba jina kamili la babu, lile aliloandikishwa jeshini, ili tukifika tujue tunatafuta nini. Baba akanyamaza kidogo, kisha akasema ngoja amuulize bibi.