Anza Ghalani: Namna ya Kulikagua Shamba la Kujiendesha la Minecraft

Mtu akikualika ukaone shamba lake la Minecraft, hatakupitisha ghalani. Atakupandisha mnarani akuonyeshe pistoni zikigonga kwa pamoja na maji yakisomba mavuno, kisha atataja idadi: elfu kadhaa kwa saa. Mwache amalize, mpongeze, halafu mwombe mshuke mkaone makasha. Shamba la kujiendesha hukaguliwa kuanzia mwisho kurudi mwanzo, maana wajenzi wengi wakifika ghalani wameshachoka, na uchovu wao unaonekana.

Hesabu ya kwanza ni nyepesi, lakini huangusha mashamba mengi. Hopa, kile kisanduku cha chuma chenye mdomo wa faneli kinachomeza vitu na kuvipitisha, hupitisha kitu 1 kila tiki 8. Mchezo hupiga tiki 20 kwa sekunde, kwa hiyo hopa moja hupitisha vitu 2.5 kwa sekunde, yaani 9,000 kwa saa, hata uibembeleze vipi. Mwenyeji akidai shamba lake linatoa 20,000 kwa saa na wewe unaona hopa moja tu ikiingia ghalani, basi ama idadi hiyo ameitoa kwenye video ya mtu mwingine, ama zaidi ya nusu ya mavuno yanaelea majini. Kitu kilichodondoka bila kuokotwa hudumu dakika 5, kisha hutoweka. Kasha pacha nalo lina nafasi 54. Kila nafasi ikibeba vitu 64, linameza 3,456. Hopa ikienda mwendo wake wote, kasha hilo hujaa kwa dakika 23. Muulize mwenyeji: dakika ya 24 kunatokea nini?

Mimi hutenga mashamba kwa jibu la swali hilo kuliko kwa jambo jingine lolote. Shamba bovu likijaa huendelea kuzalisha: vitu vinarundikana kwenye mfereji, seva inabeba kila kimoja, na mchezo unaanza kugandaganda huku mwenyewe amelala. Shamba la wastani limewekewa njia ya kumwaga ziada kwenye lava. Shamba bora linajifunga. Kilinganishi, kifaa kinachosoma kasha limejaa kiasi gani, kikiwekwa kando ya kasha la mwisho, hutoa ishara ya nguvu 15 kasha linapojaa kabisa, na ishara hiyo hurudishwa hadi kwenye chanzo. Kwenye miwa inazuia pistoni, na miwa inasimama tu shambani ikingoja, hakuna kinachopotea. Kwenye shamba la viumbe wa gizani inawasha taa. Tangu toleo 1.18, lililotoka Novemba 2021, viumbe adui wa kawaida juu ya ardhi hawaibuki penye mwanga wowote wa taa, hivyo taa chache zilizopangwa vizuri zinatosha kulilaza shamba zima.

Kama ghala lina kichambuzi, yaani safu ya hopa zinazotenga chuma kwake na maua kwake, kaa hapo kidogo. Fungua hopa ya kuchuja. Katika ujenzi uliozoeleka utakuta vitu 41 vya aina inayotakiwa kwenye nafasi ya kwanza, na kwenye nafasi 4 zilizobaki kitu kimoja kimoja cha kuziba, kwa kawaida kilichopewa jina la ajabu ili kisifanane na chochote kitakachopita. Jumla ni 45, na kilinganishi kinasoma nguvu 2. Kikiingia cha 46 kinasoma 3, mlango wa chini unafunguka, kitu kinashuka kashani. Kasha likijaa, ile nafasi ya kwanza itapanda hadi 64, jumla iwe 68, na kilinganishi bado kitasoma 3. Nguvu 3 haifikii chujio la jirani. Sasa tuseme mjenzi kwa haraka ameweka viziba viwili kwenye nafasi moja. Kichambuzi kitafanya kazi vizuri kabisa, wiki hata mwezi. Siku kasha litakapojaa, jumla itakuwa 69, kilinganishi kitasoma 4, ishara itavuka hadi kwa jirani na kumfungulia mlango, chujio lake litamwagika, na kuanzia hapo mbegu, nyuzi na mifupa vitaingia kila kasha. Kwa hiyo hesabu viziba. Kazi ya nusu dakika, na sijaona njia ya haraka kuliko hiyo ya kumjua fundi makini.

Kasha lenyewe pia linasomeka. Kwenye shamba la kripa, ambalo watu hulijenga kwa ajili ya baruti ya fataki za kurukia na mabawa ya elytra, dari hubandikwa vilango vya sakafu vyenye unene wa sehemu 3 kati ya 16 za bloku. Nafasi ya kusimama inabaki bloku 1.81. Kripa ana urefu wa 1.7, anaenea; zombi wa 1.95 hapati pa kuibukia. Ukikuta nyama iliyooza ya zombi kwenye kasha la baruti, kuna kilango kimesahaulika mahali. Ukikuta nyuzi, buibui wameachiwa sakafu pana kupita kiasi. Huna haja ya kupanda kuangalia.

Kutoka ghalani rudi nyuma hadi mahali pa kukusanyia. Mfano mzuri ni shamba la miwa, ambalo karibu kila mtu huanza nalo, na karibu kila mtu hulijenga kwa kupoteza. Pistoni ikikata muwa, kipande hakianguki mahali pamoja kila mara: kingine kinaingia mferejini, kingine kinabaki juu ya udongo palepale shinani. Hopa iliyo chini ya bloku kamili ya udongo haiwezi kukivuta. Njia ya zamani ni kupitisha reli chini ya shamba zima, na kigari chenye hopa kikipita huvuta vitu kupitia udongo. Inafanya kazi, ila kigari kinapiga kelele na kinahitaji kituo cha kupakulia. Tangu toleo 1.19 la 2022 ipo njia safi zaidi: panda miwa juu ya tope. Bloku ya tope ni fupi kidogo kuliko bloku kamili, hivyo hopa iliyo chini yake inavuta kilichoangukia juu. Ukiona tope chini ya miwa ujue mjenzi anafuatilia mambo.

Usihukumu shamba la miwa kwa wingi wa vitazamaji, yaani bloku zinazotambua muwa umekua na kuamsha pistoni, hata hivyo. Wapo wanaoweka kitazamaji kwa kila muwa na kujivuna. Kila kitazamaji kinataka kwatzi ya Nether, na faida yake ni ndogo. Muwa unahitaji kuguswa na bahati ya mchezo mara 16 ili uongeze bloku moja, na katika toleo la Java kila bloku huguswa kwa wastani mara moja katika sekunde 68, kwa hiyo ni kama dakika 18 kwa kila pingili. Kitazamaji kimoja kikikata safu nzima, muwa uliofikia kimo cha pili unatoa kipande kimoja badala ya viwili na kupoteza sehemu ya ukuaji, basi. Badala ya kununua vitazamaji 20, ongeza safu. Na mtu akikwambia anao mchoro wa kuukuza muwa papo hapo kwa kusukumasukuma udongo chini yake, muulize anacheza toleo gani: mwanya huo ulizibwa katika 1.16, mwaka 2020.

Suala la toleo lina uzito kuliko ustadi wowote. Wanaocheza kwenye simu wanacheza Bedrock, na mchoro wa Java ukiujenga huko bloku kwa bloku unaweza kukuta umejenga sanamu. Chuma ndicho mfano ulio wazi zaidi. Katika Bedrock, golemu la chuma, jitu linaloacha chuma likifa, huibuka kwenye kijiji chenye vitanda 20 na wanakijiji 10, na zombi hana kazi. Katika Java unahitaji wanakijiji 3 tu na zombi mmoja wa kuwatisha. Hapo ndipo panapotaka jicho la bwana shamba.

Mwanakijiji mwenye hofu hawezi kuita golemu kama hajalala katika dakika 20 zilizopita. Kwa hiyo zombi akionekana muda wote, wanakijiji hawalali, na baada ya siku moja ya mchezo shamba linakufa. Fundi mzuri anamfanya zombi aonekane na kufichika, mara nyingi kwa maji yanayompandisha na kumshusha nyuma ya bloku, ili usiku wapate usingizi wa vipande vipande. Tena zombi huyo awe na jina, la sivyo atatoweka ukienda mbali, na awe na paa, la sivyo jua litamchoma. Halafu ulizia kifo. Golemu lina uhai 100; lava inakula 4 kila nusu sekunde, hivyo linakufa kwa sekunde 12 na nusu. Wakati huo wanakijiji wasilione, maana wakiliona hawaiti jingine kwa sekunde 30. Shamba ambalo golemu linazubaa mbele ya wanakijiji kabla ya kusombwa na maji limepoteza nusu dakika kila mara, na mjenzi atabaki analaumu bahati. Zunguka nje pia. Golemu linaweza kuibuka popote panapokanyagika ndani ya takriban bloku 8 kila upande wa mwanakijiji, kwa hiyo ukilikuta moja linatembea nyasini huku limeshika ua, hayo ni mavuno yaliyotoroka. Na kasha bila kichambuzi litajaa maua: kila golemu huacha vipande 3 hadi 5 vya chuma na hadi maua 2, hivyo kitu kimoja kati ya vitano ni ua.

Mashamba ya viumbe wa gizani yana mabishano yake, na hasa ni ya mahali. Katika mchezo wa mtu mmoja wa Java, viumbe adui wana kikomo cha 70, na wanaibuka ndani ya bloku 128 kutoka ulipo wewe, lakini si karibu zaidi ya 24. Kama mapango ya chini yana giza, hao 70 wako huko wanarandaranda na shamba lako liko tupu. Suluhisho la watu wengi ni kujenga angani juu ya bahari na kusimama kwenye kimo cha 192 au zaidi, ili kila kilicho chini ya maji kiwe nje ya mzunguko. Ni suluhisho la busara, lenye gharama yake: mchezo huchagua kimo cha kuibushia kwa bahati nasibu kati ya chini kabisa na bloku ya juu kabisa iliyopo mahali pale, kwa hiyo kadiri shamba lilivyo juu ndivyo majaribio mengi yanavyoangukia hewani. Wenye subira huchimba shimo la upana wa mzunguko mzima hadi mwamba wa mwisho na kujenga humo chini. Linapendeza kwa picha. Kwa mtu anayetaka fataki za kumtosha yeye na marafiki watatu, ni anasa.

Kwenye seva ya pamoja kuna gharama ambayo mwenye shamba halipi peke yake. Kila tiki ina milisekunde 50. Kazi zikizidi hapo, kila mtu anapunguziwa mwendo, hata aliye mbali anavua samaki. Mkosaji mkubwa ni safu ndefu za hopa zilizo wazi juu, kwa sababu kila moja hupekua kama kuna kitu kimedondoka mdomoni. Hopa ambazo hazitarajiwi kuokota kitu zifunikwe kwa pipa la mboji, nazo huacha kupekua. Mapipa hayo yakipangwa juu ya hopa kama mstari wa kahawia, nampa mjenzi alama kabla sijaona kingine.

Mwisho, pima mwenyewe. Saa nzima na si dakika mbili zikizidishwa mara 30, na umesimama pale utakaposimama kila siku. Wenye programu-jalizi ya Carpet wataielekeza hopa kwenye bloku ya sufu na kusomewa idadi. Wengine watahesabu makasha. Kisha fanya jaribio ambalo wenyeji hawalipendi: ondokeni wote, nendeni mbali hadi mchezo uache kuliendesha eneo hilo, mrudi. Lifanyeni mara kadhaa, hata shamba likiwa katikati ya kuvuna. Mkikuta kimashine cha pistoni kinachoruka na kuvuna kimekwama njiani, nusu yake huku na nusu kule, ile idadi ya kwa saa uliyoambiwa mnarani ni ya shamba lenye mtu wa kulilinda.