Trai Saba za Jacob Stockdale: Kazi Iliyofanyika Kabla ya Mpira Kufika

Machi 10, 2018, uwanja wa Aviva, Dublin. Ireland wanacheza na Scotland katika mashindano ya Mataifa Sita, na mechi bado changa. Scotland wanashambulia. Peter Horne anatupa jicho upande wake wa kulia, anaona mwenzake ana nafasi, anarusha pasi ndefu. Pasi haifiki. Kijana wa miaka 21 mwenye jezi ya kijani amechomoka kutoka pembeni, ameunasa mpira ukiwa hewani, na mbele yake zimebaki nyasi tupu mpaka mstari wa trai.

Wiki mbili kabla, kwenye uwanja uleule, Wales walikuwa nyuma kwa pointi tatu tu, 30 kwa 27, na saa ya mechi ilikuwa inayoyoma. Gareth Anscombe alirusha pasi ya kutafuta upana wa uwanja. Akainasa yuleyule. Ikawa 37 kwa 27, mechi ikaisha.

Nilisikia watu wakisema Jacob Stockdale ana bahati. Neno hilo liliniudhi na bado linaniudhi, maana linafuta kazi ya mtu. Winga anayenasa pasi mbili za aina moja ndani ya siku 14, katika mechi zenye uzito kama ule, kuna jambo analijua. Jambo hilo linaweza kuchambuliwa, na linaweza kufundishwa.

Tuanze na mpira wenyewe. Katika raga hakuna ruhusa ya kurusha pasi mbele. Mpira unakwenda nyuma au sambamba. Ndiyo maana timu inayotaka kufika pembeni haraka hulazimika kuruka wachezaji wawili watatu kwa pasi moja ndefu. Pasi ya mita 15 au 20 hukaa hewani kama sekunde moja. Sekunde moja ni kidogo kwa mtazamaji, lakini mkimbiaji ambaye mbio zake zimeshawaka hula mita saba au nane kwa muda huo. Siri imo katika maneno hayo: mbio ziwe zimeshawaka. Winga anayesubiri mpira uondoke mkononi ndipo achomoke, amechelewa. Atamfikia mpokeaji, pengine atamkaba, lakini mpira hataupata.

Stockdale huanza mapema. Tazama video za trai zile mbili ukimwangalia yeye peke yake, usiuangalie mpira. Mwanzoni amesimama nyuma kidogo ya mstari wa wenzake na nje kidogo, kama mtu asiye na haraka, akimwachia mpasiaji aone kwamba pembeni kuna njia. Mpasiaji anageuza kichwa kutazama pembeni, kisha anarudisha macho kwenye mpira unaomjia. Katika kipindi hicho kifupi, ambapo mpasiaji anadaka na hawezi tena kuangalia pembeni, Stockdale anapiga hatua mbili kali za kwenda mbele na ndani. Mpasiaji anarusha kwa picha aliyoiona nusu sekunde iliyopita, na picha hiyo imekwisha kubadilika.

Urefu ulimsaidia. Ana sentimita 191 na uzito unaozidi kilo 100, mwili ambao kizazi kilichotangulia kingempa mchezaji wa mbele. Mikono yake inafika pale ambapo winga wa kimo cha kawaida angegusa mpira kwa ncha za vidole. Lakini wapo mawinga warefu wengi, na waliomaliza mashindano ya Mataifa Sita na trai saba kabla yake hawakuwapo. Aliweka rekodi ya mashindano hayo tangu yalipokuwa na timu sita mwaka 2000: mbili dhidi ya Italia, mbili dhidi ya Wales, mbili dhidi ya Scotland na moja dhidi ya Uingereza. Ni Ufaransa pekee waliomzuia, katika mechi ya Paris ambayo Ireland waliiokoa kwa teke la Johnny Sexton kutoka mbali baada ya kuushika mpira kwa awamu 41.

Alitokea wapi? Raga ya Ireland ina utaratibu ambao sisi tuliozoea kuona vipaji vikiokotwa njiani tunapaswa kuutazama kwa makini. Shule za sekondari hucheza ligi na vikombe vyenye ushindani mkali. Juu ya shule zipo akademia za majimbo manne, Ulster, Leinster, Munster na Connacht, na juu ya majimbo ipo timu moja ya kisiwa kizima, Jamhuri na Ireland ya Kaskazini pamoja. Stockdale ni wa kaskazini. Alisoma Wallace High School mjini Lisburn, akaingia akademia ya Ulster, na mwaka 2016 alikuwa katika kikosi cha vijana chini ya miaka 20 kilichokwenda Manchester kwenye mashindano ya dunia. Kikosi kile kiliwafunga New Zealand 33 kwa 24, kikafika fainali, kikapigwa na Uingereza 45 kwa 21. James Ryan na Andrew Porter walikuwemo. Miaka miwili baadaye wote watatu walikuwa katika timu ya wakubwa iliyotwaa ubingwa.

Mechi yake ya kwanza ya taifa ilikuwa Juni 2017, New Jersey, dhidi ya Marekani, akafunga. Novemba mwaka huo alifunga moja dhidi ya Afrika Kusini waliochapwa 38 kwa 3, na mbili dhidi ya Argentina. Yaani alipoingia Mataifa Sita hakuwa mgeni wa mstari wa trai, ingawa wapinzani bado walikuwa hawajamsoma. Mataifa Sita yalipoisha, baada ya mechi tisa za kimataifa, alikuwa na trai 11.

Sasa nirudi kwenye ukabaji, kwa sababu ndipo pale wengi wanapokosea kumhukumu. Ireland ya kocha Joe Schmidt, ambaye msaidizi wake wa ulinzi alikuwa Andy Farrell, ilikaba kwa msongamano. Wachezaji walijipanga karibu karibu kuelekea katikati, wakaziba njia za ndani, wakaacha ukanda wa pembeni ukiwa na mtu mmoja anayebeba dhamana ya watu wawili. Mtu huyo ni winga. Akibaki nje, wapinzani wanapenya kati yake na senta. Akiingia ndani, na pasi ikamvuka kichwani, amebaki akimfukuza mtu mgongoni. Hana chaguo la tatu, na muda wa kuamua ni ule wa kupepesa jicho.

Kwa hiyo pasi zile alizozinasa zilikuwa matunda ya mfumo. Mfumo ulimtengenezea mpasiaji chambo, na Stockdale ndiye aliyekuwa ndoana. Na ndiyo maana uamuzi uleule uliompa trai uliwagharimu wenzake siku nyingine. Wales walifunga trai tatu siku ile ile aliyoshangiliwa, na wakosoaji waliuliza kama kijana huyu anajua kukaba. Swali lilikuwa halali. Aliingia ndani mapema mno mara kadhaa mwaka ule. Hata hivyo, huwezi kumwomba mtu achomoke kama umeme pale unapofaidika, kisha umlaumu kwamba hakukaa kwake pale ulipopata hasara. Kocha anayetaka trai za kunasa lazima akubali kulipia baadhi ya trai za kufungwa, na Farrell, kwa jinsi nilivyoiona timu yake, alikuwa amekubali.

Silaha yake ya pili ilikuwa mguu. Machi 17, 2018, Siku ya Mtakatifu Patrick, Ireland walikwenda Twickenham wakiwa wameshatwaa kombe, wakitafuta kushinda mechi zote tano, jambo walilolifanya mara mbili tu katika historia yao, 1948 na 2009. Kipindi cha kwanza kilikuwa kinakaribia kufungwa. Stockdale akapokea mpira kushoto, mbele yake Mike Brown, na kando yake mstari wa nje. Mawinga wengi pale hujaribu bega, na hutupwa nje. Yeye akaubetua mpira mbele, akamkwepa Brown, akaufuata. Mpira ukadunda vibaya, ukamgonga mguuni, ukakimbilia mwisho wa uwanja, naye akajitupa na kuubana chini sentimita chache kabla haujatoka. Eneo la nyuma ya mstari wa trai lilikuwa limeongezwa urefu pale Twickenham. Kwa vipimo vya zamani, mpira ule ungekuwa nje. Ikawa 21 kwa 5 wakati wa mapumziko, na mwisho 24 kwa 15.

Hapo kweli palikuwa na bahati, siwezi kukana. Lakini angalia alichofanya baada ya mdundo mbaya. Mchezaji anapobetua mpira na mdundo ukamkataa, mwili wake hupungua kasi kabla akili haijakubali. Stockdale hakupunguza hata hatua moja. Kumbuka kwamba baada ya kubetua bado unatakiwa kukimbia, kuinama, kugusa na kubana, na walio wengi humaliza kazi kwenye lile la kwanza.

Tukio ninalolithamini kuliko yote ni la Novemba 17 mwaka huohuo. New Zealand wako Dublin. Kwenye ardhi ya Ireland hawajawahi kufungwa na timu hiyo. Mara ya pekee walipofungwa na Ireland ilikuwa Chicago mwaka 2016. Matokeo yanakaribiana, kipindi cha pili ndiyo kwanza kimeanza. Stockdale anajaribu kuubetua mpira. Nahodha wa New Zealand, Kieran Read, ananyoosha mikono, anauzuia, na mpira unaanguka mbele yake huku mstari wa trai ukiwa wazi. Read anauinamia, unamponyoka. Ireland wamepona kwa nywele.

Mchezaji wa kawaida, akiwa na umri wa miaka 22, baada ya kosa kama lile hataubetua mpira tena mpaka aondoke uwanjani. Atapasia, ataingia kwenye msongamano, atajificha. Dakika chache baadaye Ireland wanarusha mpira wa pembeni, wanaupeleka upande mmoja kwa Sexton, Sexton anampa Bundee Aki, na Aki anaurudisha ghafla ulikotoka, kwa Stockdale aliyekuwa akingoja upande mwembamba. Ulinzi wa New Zealand umeshavutwa kwingine. Mbele yake kuna mstari wa watu wanaokuja mbio, na nyuma yao hakuna mtu. Anaubetua. Safari hii mpira unawavuka vichwa, anaudaka mwenyewe, anajirusha. Trai. Ireland wakashinda 16 kwa 9, na trai hiyo ndiyo ilikuwa pekee ya mechi nzima.

Kocha anaweza kuchora mbinu ile ya kuurudisha mpira ulikotoka, na Schmidt alisifika kwa kuchora mbinu hadi pale mchezaji anapoweka unyayo. Lakini hakuna karatasi inayoweza kumwandikia mtu ujasiri wa kurudia kitu kilichokaribia kuizamisha timu yake. Stockdale alilitazama kosa lake, akaona kwamba wazo lilikuwa sahihi na kilichopungua ni kimo cha mpira tu. Akarekebisha kimo, wazo akaliacha kama lilivyo.

Lakini anayesifu umaliziaji hana budi kuutazama pia pale uliposhindikana. Machi 30, 2019, Ulster walicheza na Leinster robo fainali ya Kombe la Mabingwa wa Ulaya, Aviva hapohapo. Stockdale alipokea mpira, akawapita walinzi mmoja baada ya mwingine kwa nguvu na chenga, akavuka mstari wa trai. Akaunyoosha mkono mmoja kuuweka mpira chini, nao ukamteleza. Hakuna pointi. Ulster walipoteza 21 kwa 18. Kiufundi kosa ni dogo na linajulikana kwa kila mwalimu wa watoto: mpira ubanwe kifuani, mikono miwili, kifua kitangulie chini. Ni mchezaji yuleyule aliyeubana mpira wa Twickenham kwenye nafasi ya sentimita chache.

Baada ya Kombe la Dunia la 2019 Farrell alichukua timu ya Ireland, akamjaribu kama beki wa mwisho mwaka 2020, nafasi ambayo haikumkaa. Kisha kifundo cha mguu kikampotezea karibu msimu wote wa 2021 hadi 2022. Ireland waliposhinda tena mechi zote tano mwaka 2023, winga wa kushoto alikuwa James Lowe. Rekodi ya trai saba ilidumu hadi 2025, Louis Bielle-Biarrey wa Ufaransa alipofunga nane.

Mwalimu wa raga, iwe uko Nairobi, Kakamega au kwingineko, una winga mdogo anayeambiwa kazi yake ni kukimbia tu. Mwonyeshe pasi ya Peter Horne. Mwambie asiufuate mpira kwa macho. Mwambie aitazame miguu ya Stockdale, tangu pale mpasiaji anapogeuza kichwa, na ahesabu hatua alizopiga kabla mpira haujaondoka mkononi.