Sifa za Wakili Katika Kandanda

Hapa Kakamega, mji wenye Mahakama Kuu na wenye uwanja wa Bukhungu, wengi hudhani kwamba ya sheria na ya mpira hayakutani. Nami, niliyelelewa katika mapenzi ya Ingwe, timu iliyozaliwa mwaka 1964 kwa jina la Abaluhya United, insafu yanilazimisha kumsifu mtu wa upande wa mahasimu wetu. Naye ni Ambrose Rachier, wakili aliyekalia kiti cha Gor Mahia kwa muda uzidio miaka kumi, na ambaye chini ya uongozi wake klabu ile, iliyokuwa haijaonja ubingwa wa ligi tangu 1995, iliutwaa mwaka 2013, kisha mwaka 2015 ikautwaa pasi na kufungwa mchezo hata mmoja.

Mabao hufungwa na wachezaji, wala wakili hapigi kona. Lakini mashabiki aghalabu husahau kazi inayotangulia bao: kuisoma katiba ya klabu kifungu kwa kifungu, kuitisha mkutano kwa ilani sahihi, ili aliyeshindwa asipate hoja ya kuubatilisha, kuandika mkataba ambao kijana aliyetoka kijijini ataufahamu kabla ya kutia saini, na kumsikiliza mlalamikaji mpaka mwisho, hata akiwa amejaa ghadhabu. Ni sanaa ya subira, na asiyeijali huiona thamani yake siku ya hukumu, kama lilivyoona Shirikisho la Kandanda la Kenya mwezi Machi 2020, uchaguzi wake ulipofutwa na Baraza la Migogoro ya Michezo.

Ni kweli kwamba mdhamini alipoondoka mwaka 2019 mishahara ya Gor ilichelewa, na baadaye FIFA ikaizuia kusajili wachezaji kwa ajili ya madeni. Hilo halinipunguzii heshima kwa kazi hii, bali lazidi kunionyesha uzito wake, maana mkataba mwema usiolipwa ni dhuluma iliyoandikwa kwa hati nzuri.

Ingwe ilitwaa ligi mwaka 1998, kisha ikangoja miaka mingi. Kazi kama hiyo yahitajika kwetu pia; basi enyi mawakili wa Kakamega, mnaokuja Bukhungu kushangilia, njoni pia katika mikutano ya wanachama, mgombee, na mtuandikie mikataba ya vijana wetu.