Anafumbua Macho

Filamu ya La Jetée, aliyoitengeneza Mfaransa Chris Marker mwaka 1962, ina dakika 28 tu, na karibu yote ni picha mnato. Hakuna anayepiga hatua, hakuna mlango unaofunguka. Picha inakaa, inafifia, nyingine inashika nafasi yake, huku msimulizi mmoja akituongoza. Paris imeteketea vitani. Walionusurika wanaishi chini ya ardhi. Mfungwa mmoja anateuliwa kurudishwa zamani, kwa kuwa tangu utotoni hajaisahau sura ya mwanamke aliyemwona uwanja wa ndege wa Orly.

Wengi huiita filamu ya bunilizi ya kisayansi. Kwangu ni ya mapenzi. Wawili hao wanatembea bustanini, wanatazama wanyama waliokaushwa katika jumba la makumbusho, wanasimama mbele ya kipande cha shina la mti wa sequoia kilichoandikwa tarehe za historia. Mwanamume ananyoosha kidole nje kabisa ya shina, hewani, kumwonyesha atokako.

Halafu kuna asubuhi moja. Mwanamke amelala, shavu juu ya mto. Picha inayeyukia katika picha: kichwa kimegeuka kidogo, mkono umesogea karibu na uso. Nafasi kati ya picha na picha inazidi kuwa nyembamba, na milio ya ndege inapanda hadi inajaza chumba kizima. Anafumbua macho. Anapepesa, anatutazama. Ni sekunde chache tu, na katika filamu nzima ni hapo pekee ambapo picha inakuwa hai.

Nilipoiona mara ya kwanza sikutambua kilichopita. Nilihisi tu kifua kimenibana, nikairudisha nyuma. Sinema ya kawaida hutumia picha 24 kila sekunde, nasi hatuzihesabu. Marker na mhariri wake, Jean Ravel, waliuweka akiba mwendo wote huo, wakatutia kiu tusiyoijua, kisha wakautoa kwa ajili ya kope za mtu anayeamka karibu na anayempenda. Sijui ukarimu mkubwa zaidi ya huo katika kazi ya kukata na kuunga filamu.

Marehemu mama yangu namkumbuka hivyo hivyo, vipande vilivyoganda: kanga begani, ungo mapajani, vidole katikati ya mchele. Siku nyingi havisogei. Lakini mara moja moja anapuliza pumba, anainua uso, ananitazama.